Mwekaji Sheria wa Jengo la 14

Lacho Mitov alikuwa mchezaji mbovu kuliko wote waliowahi kuketi katika chumba cha kompyuta cha Zhivko, lakini hakuna mechi iliyoanza kabla yeye hajafika. Mkono wake wa kulia ulikuwa na vidole viwili na kipande. Vingine vilibaki mgodini, kwenye mkanda wa kubebea makaa ya mawe, mwaka mmoja kabla shimo halijafungwa. Akishika kipanya, bunduki yake kwenye skrini ilitazama dari, ikatazama sakafu, na kabla haijamtazama adui, Lacho alikuwa ameshakufa.

"Kaka Lacho, umekufa tena?"

"Nimelala kidogo. Endeleeni, na msipige kelele."

Namweleza Lacho kwa sababu watu wa mtaa wetu hapa Pernik, mji wa migodi, wanaanza kumsahau, na wengine wa majengo ya mbali bado wanamkumbuka kwa jambo ambalo hakulifanya. Nililifanya mimi. Nilikuwa mfagiaji wa chumba kile, na jina lake nililivunja kwa kubonyeza namba moja.

Chumba kilikuwa chini ya Jengo la 14, mahali ambapo zamani wapangaji waliweka makaa na mitungi ya achari ya majira ya baridi. Kulikuwa na kompyuta ishirini na mbili zilizounganishwa kwa waya. Vijana wa mtaa, wengine wana wa wachimba makaa, wengine wachimbaji wenyewe walioachishwa kazi, walicheza mchezo mmoja tu: timu mbili, bunduki, njia za giza, unaua au unauawa. Ukiuchukua mchezo ule kama ulivyotoka kiwandani, ni kelele tu. Mwenye vidole vyepesi anashinda, basi. Lakini uliruhusu mtu autengeneze upya atakavyo. Kulikuwa na orodha ya maneno na namba, tuliiita faili la sheria, na humo uliamua kila kitu: wachezaji wangapi kila upande, nani ana bunduki na nani hana, kisu cha mwenzako kinakuumiza au kinakupita, aliyekufa angoje muda gani ndipo afufuke. Ukigusa namba moja, mchezo unakuwa mwingine.

Lacho alikuwa na pensheni ya mkono na wakati mwingi. Alikaa na faili lile majira ya baridi mazima, akaja na mchezo alioupa jina Zamu. Watu sita kila upande, ndani ya njia za chini ya ardhi. Kila mtu ana kisu na tochi, na bunduki ni moja tu kwa timu nzima. Katikati kuna sanduku la makaa. Timu inayolifikisha kwenye lifti yake inapata alama, na ya kwanza kupata kumi imeshinda. Anayebeba sanduku hawezi kupigana, wenzake lazima wamlinde. Na kisu kinaumiza yeyote, hata wa timu yako.

"Hilo la kuumizana wenyewe kwa wenyewe liondoe, kaka," vijana walimwambia mwanzoni. "Tunachinjana kama kuku."

"Kule chini adui alikuwa nani?" Lacho aliwauliza. "Mimi vidole vyangu alivikata rafiki yangu. Aliwasha mkanda bila kutazama. Mjifunze kutazama."

Aliyekufa alingoja sekunde arobaini. Walipomuuliza kwa nini arobaini, alisema ndio muda lifti ya shimo letu ilichukua kufika chini.

Basi Zamu ikapendwa. Hata wale wa vidole vizito, hata wanene, hata Zhivko mwenye chumba aliyekuwa na macho mabovu, wote walikuwa na la kufanya. Kila mwezi Jengo la 14 lilicheza na Jengo la 21, lililo ng'ambo ya uwanja wa magari, na mechi ya Novemba ndiyo iliyokuwa kubwa. Mshindi wa Novemba alipewa kompyuta sita za ukutani, zilizo kando ya mabomba ya joto, mpaka theluji iyeyuke. Aliyeshindwa alicheza karibu na mlango, na huko watu walicheza wamevaa glavu zilizokatwa ncha za vidole.

Lacho alikuwa na utaratibu wake. Kabla ya mechi manahodha wawili walisimama nyuma ya kiti chake, naye akasoma faili la sheria kwa sauti, mstari baada ya mstari. "Nyekundu, kusubiri, arobaini. Bluu, kusubiri, arobaini." Kila mstari manahodha waliitikia, "Sawa." Akimaliza, alilifunga faili kwa neno la siri. Kisha wote, timu zote mbili na watazamaji, walipanda juu kuvuta sigara ya mwisho, kama walivyofanya wachimbaji kabla ya kushuka, na paketi na viberiti waliviacha juu ya masanduku ya barua mlangoni. Chini hakuna aliyeshuka na moto mfukoni. Waliporudi, Zhivko alirusha kizibo cha bia kuamua nani achague rangi, na mechi ikaanza.

Katika miaka mitatu hakuna aliyewahi kulifungua faili lile kuhakikisha. "Lacho kasoma," walisema, na neno likaisha. Ilifika mahali hata wanawake wakigombania kamba za kuanikia nguo, mmoja alisema, "Haya, aitwe Lacho atusomee."

Sasa mimi. Niliacha shule darasa la tatu ili nilee wadogo zangu, na wadogo zangu walipokua wakaiuza nyumba ya mama bila kuniuliza. Niliolewa na Tsanko, nikampikia na kumfulia miaka ishirini na miwili, naye akahamia Jengo la 21 kwa mwanamke anayeitwa Zhechka. Hakwenda mbali, angalau nisimwone. Kila Jumatatu niliona mashati yake kwenye roshani ya yule mwanamke, yakipunga mikono upande wangu. Kusoma ninasoma, lakini polepole, kwa kidole. Mtaani walijua hivyo, na waliponiletea barua ya manispaa walinisomea kabla sijaomba.

Lacho peke yake hakunisomea. Jumamosi asubuhi, kabla chumba hakijafunguliwa, nilipokuwa nikikung'uta maganda ya mbegu za alizeti kutoka kwenye kibodi, yeye alikuja kutengeneza faili. Siku za baridi mkono ulimuuma, vidole vikakataa kukunjuka. Siku moja akaniambia, "Dada Gergina, weka ufagio. Nikopeshe mikono yako."

"Mikono yangu ya sabuni hii? Nitaiharibu mashine ya watu."

"Haiumwi. Bonyeza herufi ninazokutajia."

Nikabonyeza. Alitaja, nikatafuta herufi, nikaipata, nikaipiga. Miaka miwili Jumamosi kwa Jumamosi. Hakunicheka hata mara moja, na hakuna aliyejua, kwa sababu tulimaliza kabla Zhivko hajashuka na funguo za droo. Baada ya muda Lacho hakuhitaji kutaja herufi. Alisema "tochi" nami mikono ilikwenda yenyewe. Na kwa kuwa mimi ndiye niliyebonyeza, neno la siri nililijua. Lilikuwa namba ya taa yake ya shimoni, 318.

Nahodha wa Jengo la 21 alikuwa Boro, mwana wa Zhechka, kijana wa miaka ishirini na minne mwenye mdomo mkubwa. Jumamosi ile ya Novemba aliingia amevaa sweta la kijivu lenye mistari miwili kifuani. Nililijua kabla hajafika kwenye taa. Nililifuma mimi, majira ya baridi mawili, sufu ya kondoo wa kaka yangu.

Aliona ninatazama. "Shangazi, unalipenda? Baba Tsanko kanipa. Linambana siku hizi, mama anampikia vizuri mno."

Wakacheka. Hata wa Jengo letu walicheka, kicheko cha kushtukia. Nayden, nahodha wetu, mrefu, mkimya, aliyewahi kuchimba makaa miaka minne, yeye hakucheka.

"Livue," alimwambia.

"Nivue nini? Unataka kuniona kifua, Nayden? Sema tu, usione haya."

"Boro, fungua masikio badala ya mdomo," Lacho alisema kutoka kwenye kiti chake. "Nasoma."

Akasoma. Wakaitikia. Akafunga faili, wakapanda juu kuvuta. Mimi nikabaki chini na ndoo.

Ninataka nieleze vizuri hapa, kwa sababu nimejidanganya mara nyingi kuhusu dakika zile. Sikupandwa na wazimu. Nilisimama, nikausikiliza mlango wa juu ukijifunga, nikaegemeza ufagio ukutani ili usianguke na kupiga kelele. Nikakaa kwenye kiti cha Lacho kilichokuwa bado na joto. Nikaandika 318. Jengo la 21 walicheza bluu siku zote. Wakishinda kizibo walichagua bluu, na wetu wakishinda walichagua nyekundu, kwa hiyo miaka mitatu bluu haikuwa ya mtu mwingine. Nikatafuta mstari wa kusubiri wa bluu. Nikaifuta nne, nikaweka saba. Sekunde thelathini zaidi kaburini kila Boro anapokufa. Nani angezihesabu? Nilikuwa nimedhulumiwa na watu wengi kiasi kwamba nilijiona nina haki ya kudhulumu mara moja. Nikafunga faili, nikainuka, nikachovya dekio kwenye ndoo.

Wakashuka. Zhivko akarusha kizibo, Nayden akashinda.

"Nyekundu, kama kawaida?" Zhivko aliuliza.

Nayden alimtazama Boro na lile sweta. "Bluu," alisema.

"Bluu ni yetu!" Boro alidakia.

"Ilikuwa yenu. Leo mtaikosa, muone uchungu wa kuchukuliwa kitu chako." Kisha akanigeukia. "Hii ya kwako, shangazi."

Walikuwa bado wanavuta viti, wanavaa visikilizi masikioni, mmoja anatafuta miwani. Ilikuwa dakika nzima, labda zaidi. Ningeweza kusema, "Lacho, hebu soma tena." Maneno manne. Ningeweza kumwaga ndoo kwenye waya. Nilisimama na dekio likadondosha maji kwenye kiatu changu mpaka soksi ikalowa, na mechi ikaanza.

Vijana wetu walicheza vizuri kuliko siku zote, na hiyo ndiyo iliyoniumiza. Walimlinda mbebaji, waliitana kwa majina, hawakuchomana. Lakini kila mmoja wao alipoanguka, hakurudi upesi. Sita wakawa wanne, wanne wakawa wawili, na nyekundu wakatembea na sanduku kama watu wanaotoka sokoni.

"Kalaghabao!" Boro alipiga kelele. "Bluu imewakataa! Rudini kwenu mkapike!"

"Amka basi, mbona huamki?" mmoja wetu alimfokea mwenzake.

"Sijafufuka bado! Niamkeje?"

Ikawa nane kwa nne. Nayden aliuawa, akatoa mikono kwenye kibodi, akatazama saa yake ya mkononi. Nilimwona midomo inavyotembea. Ikawa tisa kwa nne, kisha kumi kwa nne, Jengo la 21 wakaruka juu ya viti. Nayden hakuinuka.

"Lacho," alisema. "Nimekaa chini zaidi ya dakika moja. Fungua faili."

Lacho akafungua. Nilikuwa nyuma yake, niliuona mgongo wake ukisimama. Watu wote walikuwa mbali na skrini. Kama angetaka, angerudisha nne pale pale kwa kidole kimoja na kusema saa ya Nayden ni mbovu. Nami nilimwomba Mungu afanye hivyo. Lakini Lacho alikuwa mtu wa kusoma kilichoandikwa.

"Nyekundu, kusubiri, arobaini," alisoma. "Bluu, kusubiri, sabini."

Hakuna aliyesema "Sawa."

"Neno la siri analo nani?" Nayden aliuliza.

"Mimi."

"Na nani mwingine?"

Lacho alitazama kibodi. Hakugeuka, hakunitafuta kwa jicho. "Mimi peke yangu," alisema.

Zhivko alijaribu kusema irudiwe. Boro akakataa, akasema sheria zilisomwa, ushindi umekwenda, na kama Jengo la 14 lina nyoka kwenye nyumba yake, likamtafute lenyewe. Wetu walikuwa wameshampata. Mmoja alikumbuka kwamba mjomba wa Boro alimpa Lacho banitsa, ule mkate wa jibini, kwenye kituo cha basi. Mwingine alikumbuka kwamba Lacho alikuwa akiomba kazi kwenye karakana ya watu wa 21. Banitsa moja! Lacho alivaa koti lake kwa ule mkono mbovu, na kitufe kilimchukua muda mrefu, na chumba kizima kikamngoja amalize bila mtu kumsaidia. Hata mimi sikumsaidia.

Kuanzia hapo kila mtu alijua la kumwambia. Kwenye duka la mkate muuzaji alimuuliza, "Utangoja ngapi, Lacho, arobaini au sabini?" Watu wakacheka mpaka mlangoni. Kwenye mlango wa jengo mtu alichora 70 kwa msumari. Wazee waliocheza naye karata walikuta ghafla meza imejaa. Naye hakujitetea. Mwezi Desemba alipata kazi ya ulinzi kwenye ghala la saruji mwisho wa mji, na chumba cha Zhivko hakukikanyaga tena.

Mimi nilinyamaza. Nilijiambia ni kwa ajili ya kazi, kwamba Zhivko angenifukuza na mwanamke wa miaka hamsini na moja nani atamchukua. Hilo ni kweli, lakini si lote. Nilikuwa nimezoea kuwa mimi ndiye niliyeonewa. Ni mahali ninapopajua. Kila mtu akinitazama nilijua atanitazama vipi. Kusema kungenitoa hapo.

Kilichonimaliza ni kwamba Lacho aliendelea kunisalimia. Kwenye ngazi, na mfuko wake wa chakula cha kazini: "Umeamkaje, dada Gergina?" Sauti ile ile. Nilianza kuamka mapema ili nifagie ngazi kabla hajashuka nisikutane naye, halafu naye zamu yake ikabadilishwa, tukawa tunakutana hata zaidi.

Chumbani mambo yaliharibika. Hakuna aliyemwamini mwenzake kuweka sheria, wakarudi kwenye mchezo wa kiwandani, kelele na matusi. Wetu waliketi mlangoni na glavu zao. Jumamosi moja ya Februari, wote wakiwa ndani, nilisikia mmoja wetu akisema yule msaliti ameonekana ananunua viatu vipya, wajue fedha zilitoka wapi. Viatu vile nilivijua, walipewa walinzi wote.

Nikaweka ndoo chini. "Niliyebadilisha namba ni mimi."

Wakacheka.

"Shangazi, wewe?" Boro alisema. "Wewe unayemletea Nayden bili ya umeme akusomee?"

"Ni mimi."

"Gergina, una moyo mzuri," Zhivko alisema kwa upole, na upole ule uliniumiza kuliko kicheko. "Lakini usijitwishe dhambi ya mtu. Hata kuiwasha kompyuta hujui."

Nikakaa kwenye kiti. Nikaifungua orodha, nikaandika neno la siri, nikafuta yote yaliyokuwemo na kuanza upya. Sikusoma chochote. Niliiandika Zamu nzima kwa mikono yangu kama mtu anavyofuma bila kutazama sindano: watu sita, kisu, tochi, bunduki moja, sanduku, lifti. Nilipofika kwenye mstari wa bluu nikaweka sabini, nikawageukia wauone, kisha nikairudisha.

Nilingoja wanipige, au wanifukuze. Badala yake wakapiga makofi.

"Kumbe tuna fundi ndani ya nyumba!"

"Shangazi mwizi wa sekunde! Na mimi nilidhani anaiba sabuni tu!"

Boro mwenyewe alipiga mluzi. "Ulitaka kuninyoa mimi, ukawanyoa wa kwenu bila maji! Baba Tsanko lazima asikie hii." Zhivko alikuwa anafuta machozi ya kucheka, akasema Jumamosi ijayo niweke mimi sheria, Zamu irudi, mambo yaishe.

Na mimi, Mungu anisamehe, moyo wangu uliruka. Kwa kitambo kidogo nilifurahi. Hakuna aliyewahi kunipigia makofi.

Nayden ndiye ambaye hakupiga. Alikuja mpaka kwenye kiti. "Nilipochagua bluu," alisema, "ulikuwa umesimama wapi?"

"Pale, penye mlango."

"Ulinisikia nikikwambia hii ya kwako?"

"Nilikusikia."

Akazivua glavu zake, akazikunja, akaziweka mfukoni. "Twende kwa Lacho," alisema.

Tulipanda ghorofa ya nne. Lacho alifungua mlango na mwiko mkononi. Alikuwa anapika maharage. Nayden alimwambia yote pale pale kizingitini, haraka haraka, akamwomba radhi kwa niaba ya Jengo zima. Lacho alimwekea mkono begani.

"Ingieni. Vueni viatu, nimepiga deki."

Mezani nilimwambia, "Ulijua."

"Neno lilikuwa letu wawili. Mimi sikufanya. Hesabu gani hapo ya kuhangaisha mtu?"

"Basi kwa nini hukusema?"

"Wangekufukuza siku ile ile. Na wangeniuliza kwa nini nilimpa mtu mwingine neno la siri na bado nikawaambia ninalo peke yangu miaka miwili. Kosa la kwanza lilikuwa langu." Alikoroga sufuria. "Lakini usinione malaika. Nilikungoja useme. Juma la kwanza nilikungoja, la pili, mwezi. Nikikusalimia pale kwenye ngazi nilikuwa nakupa nafasi. Baadaye nikawa nakusalimia ili uumie."

"Niliumia."

"Najua. Nilikuwa naona."

Nayden alimwambia arudi, Jumamosi kiti ni chake. Lacho akakataa. Alisema yeye kazi yake haikuwa kuandika namba, namba hata Gergina anaziandika. Kazi yake ilikuwa kusoma na watu wakaamini. "Sasa nikisoma mtatazama saa. Si kosa lenu. Lakini mimi mbele ya saa sisomi."

Jengo zima liliambiwa. Nayden alikwenda mlango kwa mlango, na lile duka la mkate pia. Walimsalimia Lacho tena, walimrudishia nafasi kwenye karata, akakaa mara mbili tatu kwa adabu, kisha akaacha. Zamu niliiweka mimi, ndiyo. Nilikataa Jumamosi mbili, ya tatu nikakaa. Niliiweka mpaka watu walipopata mtandao majumbani na Zhivko akafunga chumba, na kila mechi kulikuwa na saa juu ya meza, na hakuna aliyeona haya kuitazama.

Jumapili ya Msamaha ya mwaka ule, ile ya kabla ya mfungo, nilinunua halua nyeupe na kwenda kugonga kwa Lacho. Siku hiyo kwetu anayeombwa ana jibu moja tu. Unasema "Nisamehe," naye anasema "Umesamehewa, na Mungu akusamehe," mnakula halua, imekwisha. Watu hulisema hata kwa wanaowachukia. Tsanko aliniambia hivyo mwaka mmoja kabla hajaondoka, na tayari alikuwa na ufunguo wa nyumba nyingine.

"Nisamehe, Lacho," nilimwambia mlangoni.

"Bado," alisema.

Nilidhani ameteleza ulimi. "Hujibu hivyo. Kuna neno la kujibu."

"Nalijua neno. Sisomi kisichoandikwa, dada Gergina. Siku kikiandikwa nitakusomea." Halua aliipokea, akaniuliza kama goti langu, linaloniuma siku za baridi, limepona.

Nimekwenda miaka minne sasa. Majirani wengine wote walinisamehe palepale, tena kwa kicheko, na msamaha wao sijui nimeuweka wapi. Wa kwake ndio ninaoungoja. Mwaka huu pia alisema "Bado," ila alilisema polepole, kama mtu anayetafuta mstari kwenye ukurasa. Ngazi za jengo letu hazina dirisha, na taa ya humo hujizima kabla mtu hajafika ghorofa ya pili, haiwaki mpaka mtu abonyeze tena swichi. Nilikuwa nashuka nimeshika ukuta. Taa ikazimika, ikawaka. Ikazimika, ikawaka tena. Nilipofika chini ndipo niliposikia mlango wake ukifungwa kule juu.